UZI: Filamu fupi za mapenzi zetu zina kelele nyingi, mbona haziumi? (na stori yangu nimeiweka humu, ikosoeni)

kalamu_busia (Busia, upande wa Uganda)

Wadau wote wa Kampala, Jinja, Arua, Kasese na sisi wa huku mpakani, salaam. Uzi ni mrefu naomba mvumilie, hili jambo nimelibeba muda na nataka tulijadili sawasawa.

Siku hizi vijana wengi wanapiga filamu fupi. Simu moja, taa moja, marafiki wachache, wanapandisha YouTube. Nafurahi sana kuona hivyo maana zamani ulikuwa huwezi bila mtu mwenye kamera ya harusi. Ila zile za mapenzi karibu zote zinapita njia moja. Wanapendana, wanakula rolex (chapati ya mayai) barabarani wanacheka. Simu ya mwanaume inaita, mwanamke anaishika anasoma meseji. Kofi. Halafu mtu anakunywa sumu au anagongwa, tunapelekwa wodini, daktari anatikisa kichwa, piano inalia, majina yanapanda. Ukimaliza unajua kwamba watu wamelia lakini wewe hakuna kilichokugusa.

Mimi naona shida iko hapa: ugomvi tunaupa kelele na msiba tunaupa haraka. Nyumba ninazozijua haziko hivyo. Kwenye nyumba ninazozijua ugomvi mkubwa ni mtu kuacha kuuliza "umekula?", ni mtu kurudi jioni akapitiliza moja kwa moja hadi chumbani, ni chakula kufunikwa vizuri kabisa na sahani juu lakini hakuna anayekaa nawe mezani. Na msiba ndio unaochukua muda, tena muda mrefu, una vikao, una hesabu, una mtu wa kupanga nani akae wapi.

Najua kelele zimetoka wapi na siwalaumu waigizaji. Wengi wetu tumejifunzia jukwaani, kwenye maigizo, na pale lazima yule aliyekaa kiti cha mwisho asikie, National Theatre ya Kampala ipo tangu 1959 na vizazi vyote vimejifunza kupaza sauti. Halafu kuna kibanda. Sisi tumekua kwenye kibanda cha video, benchi za mbao, VJ anatafsiri filamu ya nje kwa Kiganda na kuongeza maneno yake, VJ Jingo, VJ Junior, hao wote tunawapenda na mimi nawapenda mpaka kesho. Lakini VJ haachi kimya kipite. Wakinyamaza wale wa kwenye skrini yeye anaongea, anakwambia huyu sasa amekasirika, huyu anataka kumuua yule. Kwa hiyo tumezoea kuambiwa, na anayetengeneza filamu anaogopa akinyamaza sekunde kumi watu watatoka. Kwenye simu ni kweli watavuta mbele, hio naikubali. Lakini filamu fupi ya watu wawili bila kimya utaijengea nini?

Sasa stori yangu. Dakika 12 hivi. Mwanaume ni Muganda wa upande wa Masaka, fundi wa pikipiki hapa Busia. Mwanamke ni Msamia, anauza mukene (dagaa) sokoni. Wanakaa pamoja miaka, majirani wanamwita yule dada kwa jina la mwanaume, kila mtu anajua ni mke wake. Lakini mwanaume hajawahi kwenda kwao mwanamke kujitambulisha, yaani kwanjula haijafanyika. Kila mwaka ni mwaka kesho. Kwanza hela hakuna, halafu zikapatikana zikaenda kwenye kibanja (kipande cha ardhi), halafu akafiwa na baba ikabidi isubiri. Siku moja anakufa kwa ajali. Mwili unapelekwa Masaka. Mwanamke anasikia tangazo la kifo redioni, wanataja baba marehemu, mama, kaka zake, dada zake, mpaka shangazi aliyeko London, mazishi kesho saa kumi kwenye makaburi ya ukoo. Yeye hayumo.

Hapo ndipo ninapotaka mtu aumie. Kufa kunakuja na kupita, lile tangazo ndilo msiba wenyewe.

Naombeni maoni. Hasa: (1) huyu mwanaume afe au asife, (2) ugomvi wao niuweke kwenye kitu gani, (3) mwisho, maana mwisho sina.

---

binti_wa_bombo

Nimesoma mara mbili kaka. Tangazo la redio limenikamata. Watu wasiojua watafikiri ni kitu kidogo lakini kijijini yule asiyetajwa anaonekana hayupo, na watu wanasikiliza kwa makini sana nani katajwa na nani kaachwa, wanajadili hata wiki nzima.

Mimi ni Mnubi, kwetu Bombo mambo ni ya Kiislamu, ndoa ni ndogo tu, walii, mashahidi, mahari imetajwa basi. Lakini na sisi tuna wanaokaa bila nikah na ikitokea kifo ni hivyo hivyo. Mjane wa nikah anakaa eda, miezi minne na siku kumi, watu wanakuja wanakaa naye, wanampikia, anaheshimiwa. Yule ambaye hakuolewa hakai eda. Kesho yake anategemewa arudi sokoni. Nimewahi kumwona mama mmoja akiuza nyanya siku mbili baada ya mwanaume wake kuzikwa na hakuna mteja hata mmoja aliyempa pole, si kwamba watu ni wabaya, hawakujua kama pole yake iko.

Kuhusu stori yenyewe: wasiwe na mtoto. Ukiwapa mtoto umeiharibu stori yako. Kwa Waganda mtoto ni wa ukoo, mama yake atapewa pa kukaa hata kama ni pembeni, atasemwa "mama wa mtoto". Bila mtoto hana mlango wa kuingilia.

---

dereva_malaba

Mleta uzi heshima yako. Mimi nasema mwanaume asife. Kufa ni rahisi sana, kila filamu mtu anakufa. Mwache aishi halafu familia yake imtafutie msichana mwingine wa Masaka, kwanjula ifanyike kwa yule mwingine, na huyu wa Busia aone picha kwenye simu ya mteja wake. Hapo maumivu ni makubwa kuliko kaburi maana mtu yupo, anapumua, na kibanja wamenunua pamoja.

Mimi barabarani nimeona hii zaidi ya vifo. Mombasa mpaka Kampala, kila kituo kuna mwanamke anayemngoja dereva ambaye ana sherehe mahali pengine.

---

kalamu_busia

@dereva_malaba kaka nimekuelewa na stori yako ni nzuri, lakini hiyo ni stori ya usaliti. Kwenye usaliti mtazamaji anajua amchukie nani na akishajua anapumzika. Mimi namtaka mwanaume aliyekuwa anampenda kweli, aliyekuwa na nia kila mwaka, na bado akamwacha bila kitu. Nisipopata mtu wa kumlaumu kirahisi ndio inakaa moyoni.

@binti_wa_bombo mtoto nimemtoa. Asante, hilo la eda sikulijua kwa undani hivyo.

---

niko_ghuba

Naandikia huku nje, nachapa kyeyo, kazi za ughaibuni, mwaka wa ngapi sijui. Nataka niongee kuhusu ugomvi maana umeuliza uuweke kwenye kitu gani na watu wamelipita hilo swali.

Weka kwenye kitu cha bei ndogo. Mimi na aliyekuwa mume wangu tuligombania shilingi 200. Mnakumbuka mwezi wa saba 2018 walipoleta ile kodi ya mitandao, OTT, 200 kwa siku ndio ufungue WhatsApp? Mimi nilikuwa nimeshafika huku. Nampigia hapatikani. Kesho yake ananiambia "sikulipa OTT". Mara ya kwanza nikaelewa, mara ya pili nikaelewa, baadae nikaanza kumtumia hela ya OTT peke yake kwenye mobile money, shilingi 200 nazituma na ada ya kutuma ni zaidi ya hiyo hela, na bado hapatikani. Yaani nilijua mapenzi yameisha kwa sababu ya mia mbili. Hakunitukana hata siku moja. Kodi yenyewe waliiondoa 2021 wakaweka asilimia 12 kwenye bando, lakini sisi tulikuwa tumeshamalizana.

Ukiweka ugomvi kwenye kitu kikubwa, mwanamke mwingine, kipigo, hapo kila mtu ana msimamo wake tayari. Kitu kidogo ndio kinamfanya mtazamaji aone hawa wawili wanagombania nini hasa.

---

dereva_malaba

@niko_ghuba pole sana dada. Hiyo ya mia mbili peke yake ni filamu nzima.

---

kijana_wa_kambi

Swali moja, watagombana kwa lugha gani? Naona kama hujaliwaza. Muganda na Msamia wanakaa Busia, wataongea Kiswahili nyumbani, hapo sawa. Mimi nimekulia kambi ya polisi Naguru, baba Mwacholi mama Mlugbara, nyumba yetu ilikuwa Kiswahili mwanzo mwisho. Na nilikuwa najua ugomvi umefika pabaya baba anapoanza kuongea Kiacholi peke yake na mama anamjibu Kilugbara, hakuna anayemwelewa mwenzake na hakuna anayetaka kueleweka. Sisi watoto tunatoka nje hapo hapo.

Lakini ujue pia, ukiipeleka Kampala kuna watu, hasa wazee wa Buganda, Kiswahili kwao bado ni lugha ya askari na ya wezi, wanakumbuka enzi za Amin, vizuizi barabarani, mtu anakuamrisha ulale chini kwa Kiswahili. Serikali ilikipitisha kuwa lugha rasmi, baraza la mawaziri 2022, lakini sikio la mtu halibadilishwi na kikao. Kwa hiyo mwanaume akisema "nakupenda" kwa Kiswahili mtazamaji wa Kampala atasikia kitu ambacho hajazoea kukisikia kwa lugha hio. Mimi naona hio ni nguvu, msiikimbie. Mama yake wa Masaka aongee Kiganda tu, na yule dada awe anakielewa nusu. Kwenye mazishi asielewe kila kitu kinachosemwa kumhusu.

---

kalamu_busia

@kijana_wa_kambi ndugu yangu hii nimeipokea kwa mikono miwili. Ni kweli, kwenye skripti wote walikuwa wanaongea Kiswahili hadi mama mkwe, na haiwezekani. Naibadilisha.

---

wakili_wa_jinja

Nisaidie upande wa sheria ili filamu isije ikadanganya watu. Nasoma sheria, naweka kwa kifupi.

Uganda mtu hawi mke kwa kukaa pamoja. Mkae miaka 20, mjenge, majirani wote wamwite mke, kisheria bado si ndoa. Lazima iwe ya kanisani, ya Kiislamu, ya Kihindu, ya bomani au ya kimila, na ya kimila maana yake taratibu za kabila zimefuatwa, ndio hiyo kwanjula. Sheria ya Mirathi ilirekebishwa 2022, asiyeacha wosia mali yake sasa mjane anapata asilimia 20 wakati zamani ilikuwa 15, watoto 75, wategemezi wengine 4, mrithi wa kimila 1, na nyumba waliyokuwa wanaishi inalindwa. Ni hatua nzuri sana kwa wajane. Lakini dada wa kwenye stori yako hio 20 haimhusu. Na kibanja, karatasi ina jina la nani?

Kuna jingine, 2015 Mahakama ya Juu iliamua kwamba kudai mahari irudishwe ndoa ikivunjika ni kinyume na katiba, kesi ile ya shirika la MIFUMI la kule Tororo. Mahari yenyewe haikukatazwa. Nalitaja kwa sababu watu wengi huku Mashariki wanapochelewa kwenda kujitambulisha wanasingizia ng'ombe, na dada zetu wanaogopa kusukuma jambo wasionekane wanauzwa. Huyo mwanamke wako anaweza kuwa na sababu zake mwenyewe za kunyamaza, usimfanye mtu wa kungoja tu.

---

kalamu_busia

Karatasi ina jina la mwanaume peke yake. LC1 (mwenyekiti wa kijiji) alisaini, mashahidi wawili wanaume. Hela zaidi ya nusu ni za mukene.

---

mkiga_wa_ziwa

Nimechelewa kwenye uzi lakini nataka niseme neno kuhusu kimya mleta uzi alichokitaja.

Wanaosema watazamaji wetu hawawezi kimya waangalie Katera of the Punishment Island ya Loukman Ali, ni filamu fupi, ilitoka Netflix 2023 kwenye ule mradi wao na UNESCO wa hadithi za Afrika. Inahusu kisiwa cha Akampene, Ziwa Bunyonyi, kwetu kabisa. Zamani Wakiga msichana akipata mimba bila kuolewa alipelekwa kwenye kile kisiwa kidogo akaachwa afe njaa au afe akijaribu kuogelea, na wanaume wasiokuwa na ng'ombe wa mahari walikuwa wanaenda kuwachukua huko bure. Bibi zetu walikuwa wanakionyesha kwa kidole. Ndani ya hio filamu kuna mwanamke aliyempoteza mtoto, na mwenye filamu hamharakishi, anamwacha na msiba wake. Mimi niliangalia na mama yangu na mama hakuongea mpaka mwisho, na yeye ni mtu wa kuongea kwenye kila sini.

Na tusisahau shule ya filamu fupi tumekuwa nayo, ile Maisha Film Lab ya mwongozaji Mira Nair imeanza Kampala 2004, vijana wengi wa Afrika Mashariki wamepitia pale kujifunza kuandika. Kwa hio si kwamba hatujui, ni kwamba tukifika YouTube tunaogopa.

Swali la kweli la mleta uzi naliona ni moja tu: mwanamke wa Akampene na mwanamke wa Busia wote wawili hawana mahali kwa sababu sherehe haikufanyika. Mmoja aliachwa kisiwani, mwingine anaachwa nyuma ya hema la mazishi.

---

binti_wa_bombo

@mkiga_wa_ziwa umesema. Na mimi naongeza, tusimfanye mama wa marehemu kuwa shetani. Kwenye filamu zetu mama mkwe akiingia tu unajua ni sumu. Huyu mama amefiwa na mume, sasa amefiwa na mtoto. Labda hata mwanae hakuwahi kumwambia habari za Busia. Labda ndio mara ya kwanza anaona kuna mwanamke amekaa nyuma analia kuliko dada zake marehemu, na anajiuliza huyu ni nani. Mpe sini moja ya huyo mama peke yake.

---

dereva_malaba

Nimerudi. Nimekubali afe, mmenishinda. Lakini nimepata mwisho wenu, nilikuwa naendesha usiku nikawa naufikiria.

Kwenye mazishi yetu, kabla ya kufukia, msemaji wa ukoo au mwenyekiti wa LC anasimama anauliza: kama kuna mtu anayemdai marehemu ajitokeze, na kama kuna mtu ambaye marehemu alikuwa anamdai naye aseme. Kila mmoja anaijua hii. Watu wananyoosha mikono, huyu alikopesha laki, huyu saruji, inaandikwa kwenye daftari.

Yule dada hajatajwa redioni, hajaitwa mjane, mabugo (rambirambi) ametoa kama mgeni yeyote, hana pa kusimama kwenye mazishi yote. Lakini hapo anapo. Anamdai. Hela yake iko kwenye kibanja. Mlango pekee uliobaki wazi kwake ni wa wadai.

---

niko_ghuba

Jamani. Hii imenitoa machozi kazini.

---

wakili_wa_jinja

Na kisheria inashika pia, anayedai marehemu analipwa kwenye mali kabla ya kugawana. Ila awe na ushahidi, karatasi au mashahidi. Mahakama haitamwona kama mke lakini kama mdai itamsikiliza.

---

binti_wa_bombo

Na kwa Waislamu deni la maiti linatangulia urithi, hakuna anayebisha hapo. Mdai ana heshima yake.

---

kalamu_busia

Dereva wewe ndiye ulipaswa kuandika hii filamu, mimi nichape tu. Wadau nimekaa nayo usiku kucha na kila kitu kimejipanga, hata ugomvi ambao @niko_ghuba alisema niuweke kwenye kitu kidogo umepata mahali pake. Sikilizeni.

Dakika ya tatu wanahesabu hela za kibanja juu ya kitanda. Mwanamke amempa zake zote. Halafu anamwambia taratibu, niandikie. Mwanaume anashangaa, nikuandikie nini? Kwamba nimekupa. Anacheka kwanza. Halafu anaona mwenzake hacheki. "Mtu na mke wake wanaandikiana?" Na yeye anamuuliza, "Mke gani?" Hakuna kofi, hakuna kupaza sauti. Mwanaume anachana karatasi katikati ya daftari la hesabu za gereji, anaandika mimi fulani nimekopa kwa fulani shilingi milioni mbili na laki nne, anasaini, anaiweka mezani anatoka nje. Kuanzia hapo ndani ya nyumba kuna kimya, na hio karatasi hakuna anayeitaja, inakaa chini ya kopo la sukari. Mwanamke anaifuta vumbi anairudisha. Wanapatana, wanalala pamoja, wanacheka tena, karatasi ipo pale pale.

Halafu mwanaume anakufa. Sitaonyesha ajali, sitaonyesha wodi. Taksi ya kwenda Masaka, redio ya dereva, tangazo.

Na mwisho ni swali la LC kwenye mazishi. Nilikuwa nimefikiria ananyanyuka, LC anamuuliza "wewe ni nani kwa marehemu?", na filamu inakatika hapo kabla hajajibu.

---

binti_wa_bombo

Kila kitu kizuri mpaka hapo mwisho. Kaka usikate. Naomba sana. Kukata kabla hajajibu ni kumnyamazisha mara ya pili, redio imemnyamazisha, ukoo umemnyamazisha, na wewe mwenyewe unamnyamazisha. Watazamaji watasema ooh imeishia patamu, lakini yeye atabaki hajasema kitu. Mwache ajibu.

---

kijana_wa_kambi

Naungana na dada. Na LC amuulize kwa Kiganda, aelewe nusu, mtu wa pembeni amtafsirie. Ajibu kwa Kiswahili mbele ya wale wazee wote.

---

mkiga_wa_ziwa

Asijibu kwamba ni mke. Hapo atabishiwa na itakuwa kelele zile zile tunazozikimbia. Ajibu kile ambacho hawawezi kumbishia.

---

fundi_wa_sauti_kla

Nimekuwa nasoma tu kimya, mi narekodi sauti kwenye harusi na matangazo ya biashara hapa Kampala. Kama mnategemea kimya basi sauti isiwe ya simu. Mkipiga Busia malori hayazimi injini usiku wala mchana, boda, msikiti, kanisa lina spika, mtapata kelele tupu halafu mtaziba kwa piano na mtakuwa mmerudi mlikotoka. Tafuteni mikrofoni ndogo ya kubana kwenye nguo, bei yake si ya kutisha. Sini ya karatasi pigeni alfajiri. Rekodini pia dakika moja ya chumba kitupu bila mtu kuongea, mtaihitaji mkikaa kuhariri. Na tangazo la redio msilisome nyinyi, mtafute mtu aliyewahi kusoma matangazo ya vifo, wale wana mwendo wao, wanasoma majina yote kwa sauti moja bila kupanda wala kushuka. Mkilisoma kwa huzuni limekufa.

Na dakika 12 msijifunge nazo. Hata Oscar wao filamu fupi ni mpaka dakika 40 pamoja na majina. Ikitaka 17 iwe 17.

---

wakili_wa_jinja

Karatasi iwe na tarehe tafadhali. Na jina la mwanamke liwe jina lake kamili, la kwao, maana mtaani wanamwita kwa jina la mwanaume.

---

kalamu_busia

Nimeandika upya leo mchana, wakili umenisaidia kuliko unavyojua na hilo la jina kamili.

Iko hivi sasa. LC anauliza nani anamdai. Wananyoosha wengine, mtu wa saruji, mtu wa spea za pikipiki. Yeye ananyanyuka kutoka nyuma. Anaulizwa ni nani kwa marehemu, anatafsiriwa na mtoto aliyekaa mbele yake. Anasema kwa Kiswahili, "Namdai." Anapeleka karatasi mbele mwenyewe, anapita katikati ya watu wote wa ukoo, ndio mara ya kwanza wanamwangalia. Mwandishi anaisoma kwa sauti, jina lake kamili, kiasi, tarehe, sahihi. Mama wa marehemu anaomba aione ile karatasi. Hawezi kuisoma vizuri lakini anaujua mwandiko wa mwanae. Anauliza kwa Kiganda, kwa nini mwanangu akope kwa mwanamke pesa yote hii? Na hakuna anayemtafsiria yule dada, kwa hiyo hajibu. Mwandishi anaandika kwenye daftari, namba nne, anaita anayefuata. Filamu inaendelea na anayefuata, mtu anayedai elfu thelathini ya matairi, hadi orodha inaisha, na yeye tunamwona amerudi kukaa lakini sio nyuma tena, amekaa na wale wadai.

@binti_wa_bombo sini ya mama peke yake ipo, nimeiweka asubuhi ya mazishi kabla watu hawajaanza kuja.

---

binti_wa_bombo

Hapo sawa. Hio ndio filamu.

---

dereva_malaba

Mimi naomba nicheze yule wa matairi.

---

kalamu_busia

Umepata kaka. Bado natafuta mama mtu mzima anayeongea Kiganda cha Masaka, asiwe ameigiza jukwaani kama inawezekana, na mzee wa kuwa LC. Mwenye daftari la mazishi la zamani aliyeweka namba na majina kwa mkono atuazime au atupigie picha ukurasa, tuone wanavyopanga. Tutapiga masika yakiisha, barabara ya kwenda makaburini ni ya udongo. Aliye karibu na Busia anayetaka kushika kamera au kupika aniandikie inbox.